Mwanafunzi Niliyemwangusha Makusudi

Nilikuwa na miaka ishirini na minne na sijaolewa, na katika mtaa wetu wa Bulla Pesa, mjini Isiolo, mwishoni mwa miaka ya sabini, hilo lilikuwa jambo la kuongelewa. Wasichana niliocheza nao utotoni walikuwa na watoto watatu, wengine wanne. Mimi nilikuwa na chaki. Asubuhi nilifundisha watoto wa shule ya msingi, na saa kumi jioni, watoto wakishaenda kwao, nilifundisha ngumbaru, yale masomo ya watu wazima ambayo serikali ilikuwa ikiyahimiza kila mahali miaka ile.

Baba yangu alikuwa mfanyabiashara wa ng'ombe na mbuzi. Hakujua herufi hata moja, lakini alinisomesha kwa ukaidi uliowashangaza majirani. Walimwambia anapoteza msichana. Yeye akawajibu kwamba msichana ni wake, akipotea atamtafuta mwenyewe.

Darasa langu la ngumbaru lilikuwa na watu kama thelathini, wengi wao wanawake. Aliyekaa mbele kabisa alikuwa mama wa makamo aliyeuza maziwa ya ngamia sokoni. Alizaliwa Korbesa, mbali huko kwa wafugaji, akaolewa mjini, akafiwa na mume, akabaki. Alikuwa mwepesi wa kujifunza na mwepesi zaidi wa kusema. Nikikosea kuandika ubaoni, yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kucheka.

Muhula ulikuwa na wiki mbili hivi, mwanaume mmoja akasimama mlangoni. Alikuwa mrefu, amejifunga kikoi, fimbo ya kuchungia mkononi.

"Salaam aleikum, Mwalimu," alisema. "Hapa ndipo mnauza kusoma?"

Darasa lote likacheka.

"Aleikum salaam. Hatuuzi, tunatoa bure," nilimjibu. "Acha fimbo hapo mlangoni, uingie."

Aliingia, akakaa kwenye dawati la nyuma. Madawati yale yalitengenezwa kwa watoto wa darasa la tatu. Alipojaribu kupitisha magoti chini, dawati zima likainuka pamoja na daftari la jirani yake. Watu wakacheka tena. Yeye naye akacheka, akageuka, akakaa upande huku miguu ikiwa kwenye njia. Muhula wote nilikuwa nikiiruka miguu hiyo nikipita.

Siku ile nilimwuliza, kama nilivyowauliza wote, kwa nini anataka kusoma. Alisema yeye ni wa Korbesa, anachunga na kuleta mifugo mnada wa Isiolo. Mwaka mmoja kabla ya hapo alitembea na ng'ombe siku nyingi, akafika kwenye kizuizi cha polisi, akatoa kibali cha kusafirisha mifugo. Askari akakisoma, akamwambia kibali si chake, ni cha mtu mwingine, kimebadilishwa ofisini. Alirudishwa na ng'ombe wake.

"Nilikibeba mfukoni siku saba," alisema. "Jina la mtu mwingine. Sikujua. Nataka kusoma kibali na kuandika jina langu. Basi. Nikijua hayo mawili, narudi Korbesa, hamtaniona tena."

Alisema bila kujihurumia.

Nitasema ukweli, maana sasa ni mzee kiasi cha kutoona haya. Nilimtamani mwanaume yule kabla sijajua lolote juu yake zaidi ya hayo. Nilitamani sauti yake, viganja vyake vilivyopasuka kwa kamba za kuchotea maji, hata jinsi alivyofinya macho akitazama ubao kana kwamba herufi ni mifugo iliyo mbali. Na kadiri nilivyomtamani, ndivyo nilivyokuwa mkali. Kabla ya darasa nilijifukiza ubani, nikatengeneza mtandio mbele ya kioo mara tatu. Nikiingia darasani, sikumtazama. Nilimwomba Mungu amlete, na akishaingia nilimwomba Mungu amtoe ili nipate kupumua.

Siku moja aliinua mkono.

"Mwalimu, mimi hunioni? Umewauliza wote swali isipokuwa mimi."

"Nakuona," nilisema.

"Basi niulize."

Nilimwuliza, akajibu, akapata. Yule mama wa maziwa aligeuka akamtazama, kisha akanitazama mimi, kisha akainama kwenye daftari lake akitabasamu peke yake.

Aibu yangu haikuwa moja. Niliona aibu kumtamani mwanaume, maana mwanamke alitakiwa atakwe, si atake. Na niliona aibu ya pili, mbaya zaidi, ambayo sikumwambia mtu. Niliona aibu kwamba ni yeye. Mimi mwalimu, niliyevaa saa ya mkononi, niliyeandika Kiingereza bila kukosea, moyo wangu umekwenda kuangukia mtu anayesoma "ma, me, mi" kwa kidole. Nilitaka ajifunze haraka ili nisimwonee aibu tena. Na nilitaka asijifunze kamwe, kwa sababu akijua angeondoka.

Tena alikuwepo mwingine. Karani wa ofisi moja ya serikali, kijana wa kwetu, Mwislamu, mwenye pikipiki, suruali za bugaluu zilizopanuka chini na viatu vya raizoni vilivyomwongezea urefu. Kila Ijumaa baada ya swala alikuja kumsalimia Baba, akakaa naye barazani akimsomea gazeti. Baba alimpenda sana. Alikuwa na adabu. Hakuna kosa ningeweza kumtajia. Mimi sikumtaka, lakini Ijumaa akichelewa, nilichungulia dirishani. Sikutaka aache kunitaka. Hilo nalo ni la kweli, na silioni zuri, lakini ndivyo nilivyokuwa.

Mwisho wa muhula ulikaribia, ukaja mtihani. Waliofaulu wangepewa cheti chao cha kwanza, na wakitaka wangeendelea kuja. Walioanguka wangerudia nami tangu mwanzo. Walisoma kifungu kifupi kilichoandikwa, wakajibu maswali, wakaandika majina yao na barua ya mistari mitano. Jumamosi, baada ya swala ya adhuhuri, nilikaa chumbani kwa Mama nikasahihisha karatasi.

Ya kwake niliiacha mwisho. Alikuwa ameandika kwa penseli, kwa nguvu, mpaka karatasi ikatoboka mahali pawili. Alikuwa amepata. Si kupata kwa shida, amepata vizuri. Barua yake ilisema: "Mimi nimeandika hii mwenyewe. Mvua ikinyesha nitarudi nyumbani. Asante Mwalimu."

Nilisoma hayo maneno "nitarudi nyumbani" mara nyingi. Kisha nikachukua kalamu nyekundu nikaweka kosa kwenye jibu la kwanza, ambalo lilikuwa sahihi. Nikaweka kosa kwenye la pili. Nikaweka na la tatu.  Nilijiambia ni muhula mmoja tu. Atarudia, atakaa, atazidi kujua. Nilijidanganya kwamba ni kwa faida yake.

Jumatatu nilisoma majina ya waliofaulu kwa sauti mbele ya darasa. Mama wa maziwa alipiga kigelegele kabla sijamaliza jina lake. Nilipofika mwisho wa orodha na jina la yule wa Korbesa halimo, watu wakageuka kumtazama. Wote walijua alikuwa miongoni mwa waliosoma vizuri.

"Mimi?" aliuliza.

"Utarudia," nilisema nikitazama ubao. "Haikutosha."

Alifunga daftari lake. Kisha akatoa miguu yake kwenye njia, akasimama.

"Sawa, Mwalimu. Walinambia kichwa changu ni cha mifugo, nikabisha. Sasa nimejua."

Akachukua fimbo yake mlangoni, akaenda. Hakurudi Jumanne. Hakurudi wiki ile. Mtu mmoja wa mnadani aliniambia ameonekana akivuka kizuizi kuelekea kwao, na kwamba alimpa mwenziwe daftari na penseli akisema hana kazi navyo.

Nimeshawahi kuugua malaria mara nyingi, lakini sijawahi kuugua kama wiki zile mbili. Chakula kilinishinda. Nilichokuwa nimekifanya kilinirudia kila nilipoinua chaki. Nilikuwa nimemchukua mtu aliyebebeshwa jina la mwingine siku saba, nikamfanyia lile lile, kwa karatasi ambayo hakuonyeshwa. Na nilikuwa nimefanya hivyo nikisema ni mapenzi.

Mama wa maziwa alinikuta nimekaa darasani peke yangu, darasa limekwisha.

"Umekonda," alisema. "Nimeona tangu mwanzo, sikutaka kusema. Lakini yule kijana alikuwa akinisaidia mimi kusoma. Mimi nimepita, yeye ameanguka. Inawezekanaje?"

Nikamwambia. Yote. Nilimwonyesha karatasi, nilikuwa nayo kwenye mkoba. Hakunifariji.

"Hii si yako," alisema akiigonga ile karatasi kwa kidole. "Mpelekee mwenyewe."

"Korbesa?"

"Kwani nimesema Nairobi? Nina ndugu zangu kule. Shule zinafungwa wiki ijayo. Tutaenda wote, hakuna atakayekusema vibaya ukiwa na mimi."

Nyumbani nilisema nakwenda kumsindikiza mama huyo kwa ndugu zake, ambayo haikuwa uongo. Tulipanda lori lililobeba unga na sukari. Kwenye kizuizi askari alinitazama nilivyovaa, akaniuliza mwalimu anakwenda kufanya nini huko ndani.

"Kusahihisha mtihani," nilisema.

Aliandika hivyo hivyo kwenye kitabu chake, akatupungia mkono tupite.

Safari ilituchukua siku mbili kwa sababu lori lilikwama kwenye mchanga. Vumbi liliniingia mpaka kwenye meno. Nilikuwa na muda mwingi wa kupanga maneno, na kila nilichokipanga kilionekana kizuri mpaka nilipokisema kimoyomoyo mara ya pili.

Tulimkuta kwenye visima vilivyochimbwa karibu na mto, asubuhi, akiwanywesha mbuzi. Alikuwa peke yake ndani ya kisima, anatoa maji na kumwaga kwenye birika la udongo la kunyweshea. Mama wa maziwa alimwita kwa salamu ya kwetu.

"Nagaa?"

"Nagaa," aliitikia kutoka chini. Kisha akainuka akaniona. Akaacha ndoo, akapanda juu.

"Mwalimu. Umepotea njia?"

"Nimekuletea kitu," nilisema. Nikampa karatasi. Maneno yote ya kwenye lori yalikuwa yamenitoka. "Isome."

"Mimi sijui kusoma. Wewe mwenyewe ulisema."

"Isome."

Akapangusa mikono kwenye kikoi, akaichukua. Mama wa maziwa akajitenga kidogo, akajifanya anahesabu mbuzi. Yule mwanaume akasoma kwa sauti, polepole. Swali, jibu lake, na kosa langu jekundu. Swali la pili. La tatu. Akafika kwenye barua yake mwenyewe akaisoma yote bila kusimama. Kisha akarudi juu, akaanza upya, na safari hii uso wake ukabadilika.

"Hili ni sahihi," alisema.

"Ndiyo."

"Na hili."

"Yote. Ulifaulu. Mimi nilikuangusha makusudi."

"Kwa nini?"

Hapo ndipo nilipotaka ardhi ifunguke. "Kwa sababu ulisema ukifaulu utaondoka. Sikutaka uondoke."

 Mbuzi walikuwa wakilia, birika limekauka. Nilidhani atacheka, au atafurahi. Binti wa watu amesafiri siku mbili kumwambia hivyo. Badala yake alikasirika, hasira ya kimya, ya mtu aliyezoea kungoja.

"Uliniita mjinga mbele ya watu thelathini," alisema. "Sasa umekuja kuniambia mimi si mjinga mbele ya mbuzi."

Akaokota ndoo yake.

"Shule zikifunguliwa, Jumatatu ya kwanza, nitakuja. Utasema pale pale uliposema lile la kwanza."

Akarudi kisimani, akaendelea kuchota. Njiani tukirudi, mama wa maziwa alisema neno moja tu: "Ana haki." Na jambo la ajabu ni kwamba, pamoja na hofu yangu yote, nilikuwa nimempenda zaidi kuliko nilipokuwa nakwenda. Angenikumbatia kwa maneno matamu pale kisimani, nafikiri ningeanza kumdharau.

Wiki ile nilikwenda kwanza kwa afisa aliyesimamia masomo ya watu wazima, nikamweleza kwamba nimesahihisha karatasi moja kwa udanganyifu. Sikumwambia sababu. Alinipa barua ya onyo, akasema nitaacha kufundisha ngumbaru kwa muhula mmoja baada ya kukabidhi darasa. Cheti akakitia sahihi pale pale. Adhabu nilistahili.

Jumatatu alikuja. Aliacha fimbo mlangoni, akakaa nyuma, miguu kwenye njia. Nilisimama mbele. 

"Nina jambo la kusema," nilianza. "Mwenzenu wa nyuma pale alifaulu mtihani. Alifaulu kuliko wengi wenu. Mimi nilibadilisha alama."

Wakaguna. Ningeweza kuishia hapo. Alichokidai kilikuwa kimekwisha. Lakini nilimwona ananitazama kwa yale macho yaliyofinywa, na nikachoka. Nilichoka kujifukiza ubani kisha kukunja uso. Nilichoka kuogopa kitu ambacho kilikuwa changu.

"Nilibadilisha kwa sababu nilimpenda, nikaogopa ataenda zake. Nilikosa sana. Kosa ni la kubadilisha alama. Kupenda si kosa, na sitaficha tena."

Mwanamke wa Bulla Pesa hasemi hivyo mbele ya watu. Nilijua habari itafika nyumbani kabla yangu.  Kisha mama wa maziwa akapiga kigelegele, kimoja, kirefu, na wanawake wengine wakamfuata, mpaka mlinzi wa shule akaja mbio kuangalia nani ameolewa.

Yeye alikuja mbele, akapokea cheti kwa mikono miwili, akakisoma chote mbele yangu, mpaka sahihi.

"Asante, Mwalimu," alisema. Akaondoka.

Siku kumi na moja sikusikia neno kutoka kwake. Baba hakusema nami siku tatu, kisha akasema nimemvua nguo sokoni. Karani alikuja Ijumaa iliyofuata, bila gazeti.

"Ni kweli wanayosema?" aliniuliza.

"Ni kweli."

"Basi umenirahisishia," alisema kwa upole, akapanda pikipiki yake. Na mimi, niliyekuwa simtaki, nililia alipokata kona. Moyo hauna adabu.

Siku ya kumi na mbili, asubuhi, wazee watatu waliingia uani kwetu wamebeba buna, zile punje za kahawa ambazo kwetu hupelekwa pale mtu anapokuja kuposa, pamoja na tumbaku na sukari. Yule wa Korbesa alikuwa nyuma yao, amevaa shati jeupe lililopigwa pasi. Nilikuwa nyuma ya pazia na Mama, nimemshika mkono mpaka akaniambia ninamuumiza.

Wazee walisema yao kwa utaratibu. Baba akasikiliza, kisha akamgeukia yeye mwenyewe.

"Nimemsomesha binti yangu, watu wakinicheka. Nimpe mtu aliyejua herufi juzi?" Akachukua gazeti la zamani lililokuwa barazani, akamnyooshea. "Haya, soma. Tuone."

Nilijua anaweza. Pole pole, lakini anaweza. Nilimwomba kimoyomoyo asome. Yeye alilitazama gazeti, akalikunja vizuri, akaliweka chini mbele ya Baba kwa heshima.

"Abbo, nisamehe," alisema, akimwita kwa heshima ya kwetu. "Sikujifunza ili nipewe mke. Nilijifunza kwa ajili yangu. Binti yako alinitaka nikiwa sijui herufi hata moja, na mimi nilimtaka aliponiambia ukweli mbele ya watu. Ukinipa, nipe kwa hayo. Ukitaka msomaji wa gazeti, sitasoma leo."

Wazee walitazama chini. Uso wa Baba uliwaka hasira. Nilijua imekwisha. Ndipo Mama, ambaye sikuwahi kumsikia akizungumza na wageni wa kiume, akapaza sauti nyuma ya pazia.

"Miaka yote hii una mwalimu ndani ya nyumba yako, gazeti unasomewa na mtu wa nje. Umewahi kumwomba huyu mtoto akusomee? Unaona haya. Nami nilikukubali hujui, na hujui mpaka leo."

Mzee mmoja akaanza kutikisika mabega. Wa pili akashindwa. Baba alijitahidi kukaza uso, akakaza, kisha kicheko kikamtoka, kile kicheko chake cha mnadani, na hakikukoma mpaka akajifuta machozi kwa kanzu.

"Kaangeni buna," alisema, na kwetu buna ikikaangwa posa imekubaliwa.

Mama akabandika samli jikoni. Nilisikia punje zinapasuka, nikaketi chini.

Tulioana mwanzo wa miaka ya themanini, mvua zilipokwisha. Tulikaa Burat, ambako alipata kipande cha shamba, naye hajawahi kushika jembe, na majirani zetu Wameru walikuja uzioni kumtazama akilima kama mtu anayeua nyoka. Nilirudi kufundisha ngumbaru. Sitasema kwamba hofu iliisha. Akiondoka na mifugo nilifikiri hatarudi, na akirudi nilifikiri ataniona nimechakaa. Wakati mwingine nilimkasirikia bila sababu, kwa kuwa tu nilikuwa nimemngoja sana.

Lakini nakumbuka safari yake ya kwanza tukiwa mke na mume. Alikuwa amekawia wiki tatu. Nilikuwa uani nafua, mchana kweupe, povu mpaka kwenye viwiko, nikamwona anakuja kwa njia ya mashamba. Mke wa heshima huinuka taratibu, akaingia ndani, akaweka chai jikoni. Mimi niliacha beseni nikakimbia. Nilikimbia bila viatu, mtandio umeanguka shingoni, kupitia mahindi ya watu, na jirani aliyekuwa akipalilia akasimama wima akapiga makofi kama yuko uwanjani.

"Watu wanatuona," mume wangu alisema nilipomfikia, lakini alikuwa ameshafungua mikono.

"Waone," nikamwambia.